Mtungi wa Mvua

Chariya alimwona kabla boti halijafunga kamba. Hakuhitaji kumwona uso. Alimjua kwa jinsi alivyosimama kwenye ncha ya boti, mguu mmoja mbele, mkono umeshika nguzo ya paa, kama mtu anayerudi nyumbani kwa baba yake. Shati la buluu la waongoza watalii lilikuwa limepigwa pasi mpaka kwenye mikunjo ya mikono. Miezi mitano hakuonekana, na leo amepiga pasi.

"Haya makubwa," alisema Shangazi Phon, aliyekaa kwenye mtumbwi wa jirani akimenya machungwa. "Chariya, mwanangu, ama macho yangu yamezeeka, ama yule ni mkwe wetu aliyepotea."

"Si mkwe wa mtu."

"Basi ni mkwe wa mamba. Ona alivyong'aa! Mtu akizama na shati kama lile, hata samaki watampisha."

Wanawake wote waliokuwa kwenye jukwaa la mbao waliangua kicheko. Walikuwa zaidi ya ishirini, kila mmoja na mtumbwi wake mwembamba, wakingoja kuwapitisha wageni katika msitu uliofurika. Kila asubuhi waliokota vibao vya namba kwenye kopo la maziwa, na mtu alibeba wageni kwa zamu ya namba yake. Chariya aliokota saba. Alikivaa kibao shingoni kwa uzi, akakigeuza nyuma ili namba isisomeke, kisha akajiona mjinga, akakigeuza tena.

Siku zote hizo, na Virak alikuja kuchagua leo. Leo saa nane mchana watu wa Heng, mwana wa mwenye kiwanda cha barafu ng'ambo ya ziwa, walikuwa wanaleta tambuu za posa. Mama yake Chariya alikuwa amekwisha tandika mkeka. Akizipokea tambuu zile, basi yamekwisha. Maji yakishuka kidogo tu, ni harusi.

Kisa cha Virak kijiji kizima cha Kampong Trakuon kilikijua. Mwezi wa sita, mama yake alitoka kwao nchi kavu, kwenye mashamba ya mpunga, akiwa na mshenga na sinia la tambuu lililofunikwa kitambaa chekundu. Alipanda ngazi ishirini na mbili za nyumba ya kina Chariya, miguu yake iliyozoea udongo ikimtetemeka. Mama Saroeun, mama yake Chariya, alimpokea kwa mikono miwili, akamkalisha, kisha akaenda kufunua mtungi wa tatu.

Barazani kwao kulikuwa na mitungi mitatu mikubwa. Miwili ilikuwa ya maji ya ziwa, yaliyotulizwa kwa shabu na kuchemshwa, na hayo ndiyo waliyokunywa wao. Wa tatu ulikuwa wa mvua. Mvua ya kwanza ya mwaka waliiacha ioshe bati. Ya pili ndiyo waliyoikinga, wakaichemsha, wakaifunika kwa kitambaa cheupe. Mtu wa nyumbani hata akauke koo hakuruhusiwa kuyagusa maji hayo. Ni maji ya mgeni. Mama Saroeun aliyachota kwa kikombe cha fedha alichoachiwa na mama yake, akayaweka mbele ya mama yake Virak.

Mama yule aliunganisha viganja. Akatabasamu. Kisha akafungua mkoba, akatoa chupa ya maji ya dukani, akanywa funda moja, akaifunga, akairudisha mkobani.

Mama Saroeun alikichukua kikombe chake cha fedha, akayamwaga maji ziwani kupitia kwenye upenyo wa sakafu. "Tambuu zitanyauka na jua hili, dada," alisema. "Rudi nazo mapema."

Na Virak, aliyekuwa amekaa kando ya mama yake, aliutazama mkeka. Hakusema neno. Alishuka ngazi nyuma ya mama yake, na tangu siku hiyo akaomba kupangiwa wageni wa mahekalu ya mawe huko mjini, mbali na maji.

Kijijini chupa ile ilikuwa wimbo. Mtu akikataa kukukopesha chumvi, ulimwambia, "Haya, nina chupa yangu." Watoto waliigiza harusi, na bibi harusi akawa anakunywa kwenye chupa. Chariya alicheka nao mchana, na usiku alilala kifudifudi.

"Namba saba!" aliita mpanga zamu.

Wageni walikuwa kumi na watatu. Wawili wawili walijaza mitumbwi sita, akabaki bibi mmoja wa Kizungu mwenye kofia pana na miguu myembamba, aliyeutazama mtumbwi wa Chariya kama mtu anayetazama kaburi.

"Nitaingia naye," Virak alimwambia mpanga zamu. "Ameniomba. Anaogopa."

"Anaogopa nani?" alidakia Shangazi Phon. "Bibi au wewe?"

Virak aliingia, akaketi katikati akimwelekea Chariya, na bibi akakaa mbele na kofia yake. Magoti ya Virak na magoti ya Chariya yalitenganishwa na shubiri moja tu. Chariya alisukuma jukwaa kwa kafi, kwa nguvu kupita kiasi, na bibi akapiga yowe dogo.

Waliingia msituni. Miti ilisimama ndani ya maji mpaka kiunoni, na mwanga ulishuka vipande vipande. Hapa ndipo walipopendana, mwaka juzi, Chariya akimpitisha Virak na wageni wake, na kila asubuhi akibadilishana kibao na wenzake ili namba yake iangukie kwenye boti la Virak. Alikuwa akijua hata mti ambao chini yake Virak alimwambia kwamba atamtuma mama yake. Leo aliupita bila kuutazama. Alimwona Virak akiutazama.

"Chariya."

Alipiga kafi.

"Nimesikia habari ya leo. Ya watu wa barafu."

"Masikio unayo, basi. Nilidhani ulipoteza yote mawili na ulimi."

"Nilijua usingekubali kuonana nami. Mama yako aliwaambia wenye boti wote kwamba atakayenileta asimwombe chochote tena. Lakini nikija na wageni, hawawezi kunizuia. Nimebadilishana zamu na wenzangu watatu kuipata safari hii."

"Hongera. Mpaka saa sita utakuwa umesharudisha kelele zako mjini."

"Chariya, nipe nafasi nizungumze."

"Ulikuwa na nafasi. Ilikuwa kwenye mkeka wa mama yangu. Ulikuwa na nafasi ndefu kama reli." Kafi lake lilipiga maji kwa kishindo. "Mama yako alimtukana mama yangu nyumbani kwake, na wewe ukahesabu nyuzi za mkeka. Angalau yeye alikuwa na ujasiri wa kutudharau kwa vitendo. Wewe hata dharau yako huna."

Macho ya Virak yalikuwa na kitu ambacho Chariya hakukielewa. Si hasira. Kilifanana na mtu anayebanwa na mlango na haruhusiwi kulia.

Mbele, bibi alikohoa. Akakohoa tena, mkono kifuani. Joto la asubuhi lilikuwa limeshika msitu. Chariya aliacha kafi, akachukua birika lake la bati, akamimina maji kwenye kifuniko chake, akanyoosha mkono kupita bega la Virak.

"Maji, bibi," alisema kwa Kiingereza chake cha kubeba wageni miaka minne.

Bibi alikipokea kifuniko, akamtazama Virak kumuuliza.

Virak hakugeuza hata shingo. Macho yake yalibaki kwa Chariya, na mdomo ukafanya kazi peke yake kwa Kiingereza, kama unavyofanya kila siku ya Mungu mbele ya wageni. "Usinywe, bibi. Hawa wanakunywa maji ya ziwa, tumbo lako halitayaweza. Unganisha viganja, tabasamu, kisha kunywa funda moja kwenye chupa yako mwenyewe. Hivyo hawatajisikia vibaya."

Bibi alimrudishia Chariya kifuniko kwa uangalifu. Aliunganisha viganja. Akatabasamu. Akafungua mkoba wake, akatoa chupa, akanywa funda moja, akaifunga, akairudisha mkobani.

Kifuniko kilikuwa mkononi mwa Chariya na maji yake yote. Mtumbwi ulielea wenyewe, ukagonga mti, ukasimama.

Viganja. Tabasamu. Mkoba. Funda moja.

"Ulimfundisha," alisema polepole.

Virak alikuwa ameshatambua alichosema. Damu ilimkimbia usoni mpaka midomo ikabaki myeupe.

"Ulimfundisha mama yako. Maneno yale yale."

"Chariya..."

"Jibu!"

"Ndiyo."

Ndege wawili waliruka juu yao. Bibi mwenye kofia aliangalia huku na huku, akaishika mikono yake mapajani kama mtoto shuleni.

"Alikuwa hajawahi kupanda nyumba ya majini," Virak alisema, na maneno yakaanza kumwagika. "Aliniuliza njiani, mwanangu, nifanyeje nisiwaudhi? Aliogopa, Chariya. Alishona blauzi mpya. Nami nilikuwa nimetoka kazini, nilikuwa nimechoka, nikamwambia kile ninachowaambia wageni kila asubuhi. Kilitoka chenyewe. Nilimnunulia hata chupa. Alidhani ndiyo heshima ya huku kwenu. Alidhani anafanya vizuri! Alipoondoka aliniuliza, nimekosea wapi? Nilimfundisha mama yangu mwenyewe kama mtalii."

"Na ulimwambia amekosea wapi?"

Virak aliyatazama maji.

"Hukumwambia."

"Niliona aibu."

"Uliona aibu." Chariya aliyamwaga maji ya kifuniko, akalifunga birika, akaliweka chini taratibu, maana kama asingefanya taratibu angelirusha. "Miezi mitano mama yangu anamwita mama yako mwanamke wa majivuno. Kijiji kizima kinamwimba. Watoto wanamwigiza! Na huko kwenu, naye amekaa anajiuliza kosa lake. Ungeweza kusema maneno matano, Virak. 'Ni mimi niliyemwambia hivyo, mama.' Matano tu! Kwa wageni unasema toka asubuhi hadi jioni, historia ya mfalme huyu na mfalme yule. Kwa mama yako mzazi, matano yamekushinda."

"Nilijua nikisema utajua ninavyowaambia watu kuhusu maji yenu. Kwamba mimi ndiye niliyewadharau. Nikaona bora..."

"Bora achukiwe mama."

Virak aliinamisha uso.

"Shuka," alisema Chariya.

"Nini?"

"Shuka kwenye mtumbwi wangu."

"Nishuke wapi? Ni maji matupu!"

Chariya alielekeza kidevu. Mti waliougonga ulikuwa na panda pana juu kidogo ya maji. "Pale. Utapata muda wa kuhesabu. Nyuzi za mkeka umeshamaliza, hesabu majani."

"Chariya, nina wageni kumi na watatu."

"Nawe una chupa yako."

Alimtazama. Virak alijua kwamba Chariya akimtazama hivi hana mzaha, kwa sababu aliwahi kumtazama hivi mara moja tu, siku alipomwambia anampenda. Virak alisimama, mtumbwi ukayumba, bibi akashika kingo zote mbili. Akaukumbatia mti, akapandisha mguu mmoja, akapandisha wa pili, akakaa kwenye panda na shati lake la pasi, magoti yakiwa kidevuni. Chariya alirudisha mtumbwi nyuma kwa pigo moja.

"Samahani," bibi aliuliza kwa sauti ndogo, "hii ni sehemu ya ziara?"

"Ndiyo, bibi," Chariya alisema. "Ni mila yetu."

Hakwenda mbali. Alijificha nyuma ya kichaka cha miti, akaweka kafi mapajani, na hapo machozi yakamtoka, ya hasira tupu, ya moto, yakamchoma mashavu. Alilia kwa ajili ya usiku wote aliomchukia yule mama mwenye blauzi mpya. Alilia kwa kuwa alipomwona Virak kwenye ncha ya boti, moyo wake ulikuwa umeruka kabla hajauruhusu, na bado ulikuwa unaruka, mjinga, hauna haya.

Kupitia matawini alisikia mtumbwi wa Shangazi Phon ukipita na vijana wawili wa Kikorea.

"Masalale! Nyani gani huyu amevaa shati?"

"Shangazi, nisaidie, nakuomba."

"Nani kakuweka hapo?"

"Chariya."

"Basi kaa, mwanangu. Wakuwekao ndio wakushushao. Ila nakuonya, huo mti una maji moto."

"Maji gani ya moto?"

"Wadudu wekundu. Utawajua wakijitambulisha."

Muda si mrefu walijitambulisha. Virak alipiga ukelele, vijana wa Kikorea wakapiga picha, na Chariya, machozi yangali yakimtoka, alicheka. Akajiziba mdomo kwa ncha ya krama yake, kile kitambaa cha mirabamiraba alichojifunga kichwani. Alikasirika zaidi kwa kuwa amecheka.

Bibi mwenye kofia alikuwa amegeuka na kumtazama. "Mligombania nini na yule kijana?" aliuliza. "Sikuelewa kwa nini ulikasirika."

Chariya alimweleza kwa maneno yake machache. Mama yake. Mama wa yule kijana. Kikombe. Chupa. Bibi alisikiliza, akainamisha kofia, mashavu yakawa mekundu.

"Na mimi nimefanya vile vile," alisema. "Mbele yako."

"Wewe hukujua, bibi."

"Yule mama naye hakujua."

Neno hilo lilikaa kati yao. Chariya alitazama juu kulitafuta jua. Lilikuwa limepanda. Saa tano ilikuwa inakaribia. Boti kubwa lingeondoka saa sita, na saa nane watu wa Heng wangepanda ngazi ishirini na mbili, na mama yake angepokea tambuu zao kwa moyo mmoja, akiamini ameyaepuka majivuno ya nchi kavu. Na mama mmoja kwenye mashamba ya mpunga angekufa bila kuambiwa alikosea wapi.

Alishika kafi.

Virak alikuwa amesimama kwenye panda kwa mguu mmoja, akijipangusa shingo kama mwehu. Uso ulikuwa umevimba sehemu tatu. Alipouona mtumbwi alitaka kusema neno.

"Nyamaza," alisema Chariya. "Sikurudi kwa ajili yako. Nimerudi kwa ajili ya mama yako. Utaingia humu, utapanda ngazi yetu, na utasema mbele ya mama yangu maneno yale matano. Akikutupa ziwani, ni juu yako. Mimi sitakuokoa."

"Sijui kuogelea vizuri."

"Najua."

Alimrushia ncha ya krama. Aliishika kwa mikono miwili, akavutwa polepole mpaka mtumbwini, na mara hiyo wote wawili wakakumbuka kitu kimoja, wakakwepa kutazamana. Siku ya harusi bwana hushika ncha ya mtandio wa mkewe, akamfuata nyuma mpaka chumbani. Chariya aliipokonya krama yake, akaifunga kichwani kwa nguvu kama anafunga gunia.

Mama Saroeun alikuwa barazani akipanga ndizi za wageni wa saa nane. Alisikia hatua za watu watatu kwenye ngazi, akainua macho, akamwona binti yake, kisha kofia pana ya Kizungu, kisha Virak mwenye nundu usoni na suruali iliyolowa mpaka magotini.

"Wageni wa mjini hawaruhusiwi leo," alisema. "Nina shughuli."

"Mama, ana neno," Chariya alisema.

"Mwenye neno angelisema mwezi wa sita."

Virak alipiga magoti hapo hapo kwenye mbao, hakungoja mkeka. Akainama mpaka paji la uso likagusa sakafu. Chariya aliona mgongo wa shati ukitetemeka, na kwa mara ya kwanza siku ile hakutaka kumpiga.

"Ni mimi niliyemwambia hivyo, mama," alisema.

"Nani? Nini?"

"Mama yangu. Chupa ile. Mimi ndiye niliyemnunulia, na mimi ndiye niliyemfundisha. Viganja, tabasamu, funda moja. Ninawafundisha wageni wangu hivyo kila siku, nikamfundisha na yeye. Alidhani ndiyo adabu ya nyumba za majini. Alitaka mumpende. Kisha nikamwacha abebe kosa langu, kwa kuwa niliogopa."

Mama Saroeun aliweka chini chane ya ndizi. Alikuwa mwanamke mfupi, na alipokasirika alizidi kuwa mfupi, kama kamba inavyokazwa.

"Unawafundisha wageni kwamba maji yetu ni uchafu."

"Ninawaambia ni maji ya ziwa."

"Nyumba hii imekulisha samaki mara ngapi?"

"Mara nyingi, mama."

"Uliwahi kuuliza mtungi wa tatu una nini?"

Virak aliinua uso. "Hapana."

"Mvua!" Mama Saroeun alipiga kiganja kwenye mtungi, ukalia kama kengele. "Mvua ya pili ya mwaka! Nimeikinga mimi, nimeichemsha mimi, nikakaa na kiu siku tatu kuni za kuchemshia maji zilipokwisha na sikuigusa, nikimngoja mama yako! Binti yangu alitia maua ya mlangilangi ndani yake kwa mkono wake! Nikayamwaga mbele ya macho yenu. Nimeyamwaga, na sijalala vizuri tangu siku hiyo, kwa kuwa mtu hamwagi maji ya mgeni. Na huyu mama wa watu hakuwa na kosa!" Sauti ilimkatika. Alimgeukia Chariya. "Nawe ulijua?"

"Nimejua leo, mama. Nikamweka juu ya mti."

Mama Saroeun alizitazama zile nundu. Kona ya mdomo wake ilicheza kidogo, akaikaza. "Mti upi?"

"Wa maji moto."

"Ah."

Boti kubwa lilipiga honi upande wa jukwaa, mara mbili. Wageni walikuwa wamemaliza. Virak hakutingishika.

Mama Saroeun alikwenda kwenye mitungi yake. Kisha akauacha mtungi wa tatu na kitambaa chake cheupe. Akafunua wa kwanza. Ukutani, kwenye msumari, palikuwa na kikombe cha bati chenye kishikio kilichoungwa. Alikitungua, akakisuuza, akachota, akamnyoshea Virak bila kumtazama.

"Kunywa."

Virak alikipokea kwa mikono miwili. Alikunywa chote, bila kupumua, mpaka tone la mwisho likamdondokea kidevuni. Alipokirudisha, macho yake yalikuwa yamezama. Aliinama tena, akasimama, akashuka ngazi akiwa amemshika mkono bibi mwenye kofia, na Chariya akawafuata kuwarudisha.

"Nimeelewa," alisema kwa sauti ya chini walipofika mtumbwini. "Hata mvua hanipi tena. Ni haki yangu. Nitamwambia mama yangu ukweli leo hii, Chariya. Ukiolewa na huyo wa barafu, sitakulaumu."

Chariya alipiga kafi mara moja, mara mbili. Alikuwa ameamua asiseme. Alikuwa bado amekasirika, na hasira yake ilikuwa halali, na alitaka kuifaidi mpaka jioni.

"Huna akili," alisema mwishowe. "Mvua ni ya wageni. Kile kikombe ni cha marehemu baba. Miaka sita kipo kwenye msumari, hata mjomba hakukigusa."

Virak aliacha mdomo wazi. Bibi mwenye kofia, asiyejua neno hata moja la maneno yale, alimtazama usoni, akaanza kupangusa machozi.

"Na usinitazame hivyo," Chariya alisema. "Sijakusamehe. Nikikusamehe utaambiwa."

"Chariya!" Mama Saroeun alikuwa ameinama kwenye reli ya baraza, sauti ikivuka maji, na kila mwanamke kwenye kila mtumbwi akanyamaza asikie. "Mwambie huyo mwanaume, mama yake aje siku ya mwezi mpevu. Na aje na chupa yake, asiiache! Nitaijaza mvua mimi mwenyewe, aende nayo kwao!"

"Ng'wee!" alipiga kigelegele Shangazi Phon, na machungwa yake yote yakaanguka majini.

Saa nane kamili boti la watu wa Heng lilifunga kamba chini ya nyumba. Walikuwa watu wazuri, wamevaa vizuri, na sinia lao limefunikwa vizuri. "Chota mvua," Mama Saroeun alimnong'oneza Chariya, "kwa kikombe cha fedha. Wageni wetu wanywe washibe, kisha warudi na tambuu zao salama." Chariya alifunua mtungi wa tatu. Harufu ya mlangilangi ilikuwa bado imo. Alichota kikombe cha kwanza, mkono wake imara, hakumwaga hata tone, na juu ya kichwa chake, kwenye msumari, kikombe cha bati kilichotoka kusuuzwa kilikuwa kingali kinadondosha maji.